Tuupe Heshima Mkate wa Mahindi
Yatupasa sisi wakazi wa Bujumbura, tangu Buyenzi hata Kinama, kuutukuza mkate wa mahindi wenye pilipili, kwani unga wake hutoka mashambani mwetu, ilhali ngano nyingi tulayo hutoka ng'ambo kwa gharama kubwa. Na kwa kuwa mahindi hayana ule mnato uushikao mkate wa ngano, sharti yatiwe mayai na maziwa ya mgando, kisha chumvi, baking poda, mawese ya Rumonge na pilipili zilizokatwa ndogo ndogo. Mchanganyiko huo utiwe sufuriani, nayo ifunikwe, makaa yawekwe chini na juu ya kifuniko. Mkate ukiiva, huliwa kwa mukeke, samaki wa Ziwa Tanganyika. Enyi wazazi, wafundisheni wanenu ustadi huu, maana riziki ya nyumbani haina budi kuthaminiwa kwanza na wenyewe.