Mashine ya moyo bila msomaji ni karatasi tu

Nchi yetu ina wagonjwa wa kifua kikuu sugu, kile kisichosikia dawa za kawaida. Zamani wagonjwa hao walichomwa sindano kwa miezi mingi, na wengine walibaki viziwi. Tangu mwaka 2022 Shirika la Afya Duniani linashauri, kwa wagonjwa wengi, vidonge tu kwa miezi 6. Ni habari njema. Lakini moja ya dawa hizo, bedakilini, inaweza kuchelewesha umeme wa moyo, hata mapigo yakavurugika ghafla. Ndiyo maana mgonjwa hupimwa elektrokadiogramu kabla ya kuanza dawa na tena anapoendelea nazo.

Basi tunauliza: katika hospitali zetu za vijijini, nani ataisoma karatasi hiyo?

Mashine huandika jibu lake yenyewe, lakini mgonjwa akitetemeka au nyaya zikiwekwa vibaya, jibu hilo linadanganya. Lazima jicho la mtu. Na mwanzo wake si mgumu. Karatasi hutembea milimita 25 kwa sekunde. Tunahesabu visanduku vikubwa kati ya vilele viwili, kisha tunagawa 300 kwa hesabu hiyo: visanduku 4 ni mapigo 75 kwa dakika. Halafu tunatazama kama vilele vinafuatana sawasawa. Mwisho tunapima muda wa QT na kuurekebisha kufuatana na mwendo wa moyo. Ukipita milisekunde 500, daktari aitwe mara moja.

Wengine watasema muuguzi si mtaalamu wa moyo. Ni kweli. Hatumwombi atibu kila ugonjwa wa moyo. Tunamwomba atofautishe karatasi inayoweza kungoja kesho na ile isiyoweza.

Wafadhili hupenda kutoa mashine, kwa sababu mashine hupigwa picha. Mazoea ya kusoma hayaonekani katika picha, wala hayapatikani kwa semina ya siku mbili. Yanahitaji mwalimu na karatasi nyingi, wiki kwa wiki. Makanisa yetu yana hospitali na shule za wauguzi. Tuweke somo hili humo, pamoja na bajeti ya karatasi na betri. Kabla ya kupokea mashine nyingine, tuulize kwanza ni nani atafundishwa kuisoma.