Mjerumani Hufika Chakula Kikiwa Mezani

Hapa Katito, pale barabara ya Kendu Bay na Homa Bay inapoachana na ile ya Sondu na Kisii, ubishi wa mpira hauishi. Harambee Stars wakifungwa Jumamosi, Jumapili watu wakitoka kanisani dawa imeshapatikana, na dawa yenyewe ni ile ile tangu nikiwa mtoto: tuletewe Mjerumani. Mjerumani ana nidhamu. Mjerumani hana kabila wala shemeji hapa. Mjerumani alimchukua mtoto wetu Divock akamtengeneza mpaka akafunga bao katika fainali ya Ulaya.

Napinga imani hii yote, tangu neno la kwanza hadi la mwisho, kwa sababu wanaoilipia ni watoto ninaowaona wakicheza kila jioni.

Nianze na Divock Origi, maana ndiye anayetajwa kwa sauti kubwa zaidi. Ni kweli alicheza chini ya Jürgen Klopp. Mei 2019 aliifunga Barcelona mawili Liverpool iliposhinda 4–0, na tarehe 1 Juni akafunga bao la pili dhidi ya Tottenham mjini Madrid. Ni kweli pia kwamba msimu wa 2017/18 alikuwa Wolfsburg ya Ujerumani kwa mkopo na akafunga mabao 6 ya ligi. Lakini Klopp alifika Liverpool Oktoba 2015. Kufikia hapo Divock alikuwa ameshanunuliwa na klabu hiyo, na alikuwa ameshaifunga Urusi katika Kombe la Dunia la 2014 akiwa na jezi ya Ubelgiji. Kabla ya hapo alikuwa Lille. Kabla ya Lille alikuwa Genk, alikoingia akiwa na miaka 6 akatoka akiwa na 15. Tena alizaliwa katika nyumba ya mpira: baba yake, Mike Okoth, aliichezea Kenya kisha akafanya kazi ya soka Ubelgiji, na ami yake, Austin Oduor, ndiye nahodha wa Gor Mahia iliyotwaa Kombe la Washindi la Afrika mwaka 1987.

Basi ni nani aliyemtengeneza? Ni makocha wa watoto pale Genk, ambao hakuna hata mmoja wetu anayewajua kwa majina, waliomfundisha mtoto wa miaka 7 kutuliza mpira kwa mguu wowote na kuinua kichwa kabla ya kutoa pasi. Klopp alikaribishwa mezani chakula kimeshaiva.

Turudi nyumbani. Jina la Reinhard Fabisch linapendwa sana huku, nami simvunjii heshima. Mwaka 1987 aliwafikisha Stars fainali ya Michezo ya Afrika pale Kasarani, Misri ikashinda 1–0. Alirudi miaka ya 1990 na Kenya ikamaliza ya tatu nyuma ya Nigeria na Guinea katika kufuzu Kombe la Dunia la 1998. Alikuwa mtu jasiri: mwaka 2008, akiwa na Benin, alitangaza hadharani kwamba alitakiwa kuuza mechi. Lakini kikosi cha 1987 hakukipanda yeye. Alikikuta kimekomaa. Mwaka ule ule, Gor ilibeba kombe la Afrika bila Mjerumani yeyote kwenye benchi.

Kikosi kile kilikomaaje? Mwishoni mwa miaka ya 1970 alikuwepo Mjerumani mwingine, Bernhard Zgoll, aliyesimamia vituo vya kulea vijana. Wakati vijana wa enzi ile wakichanua, timu ya taifa ilikuwa mikononi mwa Mkenya, Marshall Mulwa, naye akatwaa Kombe la CECAFA mara tatu mfululizo: 1981, 1982 na 1983. Sijawahi kusikia Zgoll akitajwa Katito. Yule Mjerumani aliyefanya kazi tunayoihitaji kuliko zote tumemsahau, tukabaki tukiwalilia wa kwenye benchi.

Jeraha la 2008 bado linaniuma. Francis Kimanzi, mtoto wa Mathare, aliiongoza Kenya hadi hatua ya mwisho ya kufuzu Kombe la Dunia, na Desemba mwaka huo tukafika nafasi ya 68 duniani, ambayo hatujawahi kuipita. Akaondolewa. Akaletwa Antoine Hey kutoka Ujerumani. Kundi lilikuwa na Nigeria, Tunisia na Msumbiji. Tulishinda mechi moja kati ya sita tukashika mkia, na Hey alikuwa ameshaondoka kabla mwaka 2009 haujaisha. Wanaoniambia kwamba mgeni huleta utulivu wanieleze mwaka ule.

Na Wajerumani wenyewe walifanya nini walipoanguka? Katika Euro 2000 walimaliza mkiani mwa kundi wakiwa na pointi moja, Ureno ikiwapiga 3–0. Walizilazimisha klabu za Bundesliga kuwa na akademia, na kuanzia 2002 shirikisho lao likafungua vituo zaidi ya 300 nchi nzima, mpaka miji midogo, ili mtoto asikose mwalimu kwa sababu kwao ni mbali. Mwaka 2014 wakachukua Kombe la Dunia. Klopp mwenyewe alikuwa beki wa daraja la pili pale Mainz; Februari 2001 timu ikiwa hatarini kushuka, walimpa filimbi mtu wao wa ndani wakamwamini.

Uwanja wetu ni wa udongo mweusi. Masika unashika miguu, kiangazi unapasuka mpaka mpira unapotea njia. Nimewahesabu watoto 40 kwa mpira mmoja, na anayewafundisha ni mwalimu wa hesabu asiye na leseni, anayenunua huo mpira kwa mshahara wake. Anajituma kuliko kocha yeyote niliyemwona kwenye runinga. Kozi ya leseni D ya CAF ikitangazwa, atajilipia nauli, malazi na ada, na darasa litabaki bila mtu.

Kaunti ya Kisumu na shirikisho wanaweza kuileta kozi hiyo hapa Katito, Ahero na Pap Onditi, wawalipie ada walimu wa msingi, wake kwa waume, kisha wawape posho ya kila mwezi kwa kazi ya jioni. Mshahara wa kocha mmoja wa kigeni ungewatunza wengi wao.

Katika wale 40 yuko mvulana anayecheza kiungo pekupeku, anayeona pasi kabla wenzake hawajageuka. Ana miaka 11. Divock kwa umri huo alikuwa ameshafundishwa miaka mitano pale Genk.