Ha Ji-won: steringi wa kike anayesemewa na mwanaume

Jioni ukipita karibu na kibanda umiza pale Katoro au Kakola, utasikia panga zikigongana na sauti moja ya mwanaume ikisema kwa niaba ya wote: mfalme, askari, mama mkwe. Hiyo ni tamthilia ya Kikorea iliyotafsiriwa. Hata steringi akiwa mwanamke, anasemewa na huyohuyo.

Chukua mfano wa Ha Ji-won. Mwaka 2003, katika tamthilia ya Damo, aliigiza mtumishi wa tabaka la chini anayefanya upelelezi wa polisi enzi za ufalme wa Joseon. Mwaka 2005 akashika tena upanga kwenye filamu ya Duelist. Kisha, mwaka 2010, Secret Garden ikamweka upande wa pili wa kamera: mwanamke ambaye kazi yake ni kuruka na kuanguka badala ya nyota. Anaumia yeye, inaonekana sura ya mwingine. Mimi naiona hiyo kuwa kazi yake kubwa, ingawa iliyompa tuzo kuu ya televisheni ya MBC mwaka 2013 ni Empress Ki, yenye vipindi 51, kuhusu mwanamke wa Korea aliyekuja kuwa malkia wa Wamongolia waliotawala China. Huko kwao wapo walioilalamikia tamthilia hiyo kwamba imepotosha historia.

Sasa fikiria hadithi iliyokwisha kupindwa mara moja, halafu mtafsiri anaongeza utani wake.

Wengi wetu bila watafsiri hawa, kuanzia akina Lufufu, tusingeelewa kitu. Lakini Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inasema haki ya kuruhusu tafsiri ni ya mwenye kazi. Bila ruhusa yake, anayetafsiri, anayeuza kwenye flashi na anayetoza kiingilio wote wako matatani. Mwenye kibanda ndiye rahisi kukamatwa, kwa kuwa mlango wake unajulikana.

Ruhusa ikipatikana, bado kuna la sauti. Kwa nini asiwepo binti wa Kahama anayemsemea Ha Ji-won? Maikrofoni haichagui.

Kwa leo, msikilizaji, ukiwa kibandani ukasikia watu wanacheka huku mwigizaji analia, mtazame usoni. Hapo mtafsiri ameongeza lake.