Binti akiolewa, baba yake anakuwa nani?

Haya jamani, leo twendeni India kidogo. Kule kuna kitu kinaitwa ajira ya huruma. Mtumishi wa serikali akifariki akiwa bado kazini, mtu mmoja wa familia yake anaweza kupewa kazi serikalini bila kushindanishwa na waombaji wengine. Mahakama ya Juu ya India ilishasema mwaka 1994 kwamba hii si mirathi. Ni msaada wa kuiokoa familia iliyobaki ghafla bila kipato.

Wapo wanaosema mpango mzima ufutwe, kama Mahakama ya Juu ya Pakistani ilivyoukataa wa kwao mwaka 2024. Hoja yao ninaielewa, maana kijana ambaye baba yake ni mkulima naye anaitafuta kazi hiyohiyo. Lakini leo sina ugomvi na huruma yenyewe. Ugomvi wangu ni kuhusu nani anahesabiwa kuwa mtoto wa marehemu.

Hebu tazama kanuni za jimbo la Uttar Pradesh za mwaka 1974. Mtoto wa kiume alistahili, awe ameoa au hajaoa. Wa kike alistahili kama hajaolewa au ni mjane. Baadaye akaongezwa hata mkwe mjane, yaani mke wa mtoto wa kiume aliyefariki. Sawa kabisa, naye ana njaa. Ila binti wa damu, kwa kuwa ameolewa, akabaki nje ya mlango! Ilibidi Mahakama Kuu ya Allahabad iingilie kati mwaka 2015, na hata hivyo serikali ya jimbo ikamwandika kwenye kanuni zake mwaka 2021.

Kuna kesi moja ya Karnataka ambayo hainitoki kichwani. Mama mmoja, mtumishi wa hazina, alifariki Machi 2012. Binti yake alikuwa ameolewa. Septemba mwaka huohuo binti na mumewe wakafungua shauri la talaka ya maridhiano. Talaka ikatoka tarehe 20 Machi 2013. Tarehe 21, kesho yake tu, binti akapeleka maombi ya kazi.

Mahakama ya Juu ilimkatalia mwaka 2021. Mama alipofariki yeye alikuwa mke wa mtu, na majaji wakaona talaka ile ilitafutwa kwa ajili ya kazi. Huenda wako sahihi. Lakini jamani, ni kanuni gani hii inayomfanya mtu avunje nyumba yake ili serikali imtambue kuwa ni mtoto wa mama yake? Majaji waliuona ujanja wa binti. Mimi naona ujanja wa aliyeandika fomu.

Tusiwacheke Wahindi lakini. Hapa kwetu mwaka 1990 Jaji Mwalusanya, Mahakama Kuu Mwanza, ndiye aliyesema kwamba mila ya Kihaya ya kumzuia binti kuuza ardhi aliyorithi kwa baba yake ni ubaguzi. Mpaka leo ukoo ukikaa kikao cha msiba, utasikia mzee akisema, "Huyu ana kwake." Ana kwake wapi, kama mume hana kazi na mama mgonjwa yuko mgongoni kwake?

Mtu ataniambia nafasi ni chache, lazima wachujwe. Kweli, wachujwe! Waulizwe nani alikuwa anakula kwa mshahara wa marehemu, nani anamlea mjane, deni ni kiasi gani. Aliyeolewa kwa tajiri akose, na aliyeoa kwa tajiri akose vilevile. Mwaka 2020 Mahakama Kuu ya Karnataka yenyewe ililiondoa neno "asiyeolewa" kwenye kanuni za jimbo hilo, ikisema ni ubaguzi.

Kwa yule binti wa 2013 hilo lilikuwa limechelewa. Angekuwa na kaka mwenye mke, anayeishi kwa mama na kula kwa mama, karani anayepokea maombi asingemuuliza habari za ndoa yake hata kidogo.