Hemenetiki si ruhusa ya kubuni

Mwandishi wa makala ya toleo lililopita anadai hemenetiki, yaani nadharia ya kufasiri matini, haistahili kuitwa mbinu ya utafiti, eti kila msomaji hujichotea maana anayoitaka. Angewalenga watafiti wavivu tu, ningemuunga mkono. Tasnifu zao tunazijua. Ameishtaki nadharia yenyewe, na hapo kesi yake haina ushahidi.

Mwanafalsafa Gadamer, katika kitabu chake cha 1960, hakumpa msomaji uhuru huo. Alisema kila mtu huiendea matini akiwa na dhana zake za awali, na sharti akubali matini izipinge. Kabla yake Schleiermacher alitaka sehemu isomwe kwa mwanga wa kazi nzima, na kazi nzima kwa mwanga wa sehemu.

Chukua Utendi wa Mwana Kupona, wa mwaka 1858 hivi. Anayenyofoa beti za kumtii mume anaondoka na mama mnyenyekevu, basi. Anayeusoma wote anakutana na mgonjwa anayemuusia bintiye, mjane wa Bwana Mataka wa Siyu aliyepambana na watawala wa Unguja, tena mshairi anayewataka wanawake wausome. Usomaji wa kwanza bado unaweza kutetewa, ila sasa una maswali ya kujibu.

Mwenzetu anapendekeza tuhesabu maneno badala yake. Tuhesabu. Kompyuta itatuambia mume ametajwa mara ngapi. Haitatuambia kama mama anaamuru, anamkinga bintiye, au anafanya yote mawili.