Hata Iniesta alizidiwa

Mumeo yuko kimya wiki nzima, hapati usingizi, chakula hakigusi. Kabla hujamwambia "jikaze, wewe mwanaume", kumbuka kisa cha Andrés Iniesta.

Mwaka 2009 Barcelona yake ilitwaa mataji matatu makubwa msimu mmoja. Kisha majeraha yakamwandama, na Agosti rafiki yake Dani Jarque, nahodha wa Espanyol, akafariki ghafla kwa maradhi ya moyo. Iniesta akapata sonona. Hakuona aibu kutafuta msaada wa mwanasaikolojia.

Julai 11, 2010, dakika ya 116, aliifungia Hispania bao lililoleta Kombe la Dunia. Akavua jezi, fulana ya ndani ilikuwa na jina la Jarque.

Leo usiku zima televisheni, muulize mwenzako kinachomsumbua. Kisha msikilize.