GEMU ZA ZAMANI NI MARUDIO, DHAHABU BADO IMO!

Wiki hii nauliza: ile PS2 yako iko wapi? Kama iko uvunguni inalaliwa na panya, itoe haraka, unaacha mali ioze.

Huku kwetu nani hajui marudio? Mmoja anautupa mchanga, mwenzake anauchenjua upya na dhahabu anapata. Gemu za zamani ni hivyohivyo.

Mashine hii ilitoka Japani Machi 2000, mwaka uleule mgodi mkubwa wa Geita ulipoanza kutoa dhahabu. Sony waliuza zaidi ya milioni 150, kisha mwanzoni mwa 2013 wakaacha kuitengeneza. Mwishoni mwa mwaka huohuo ikaja PES 2014 ya Konami, ikafunga dimba. Tangu hapo, diski ikikwaruzika ndiyo basi tena, mpya dukani huioni.

Hata wakubwa wanalia. Mwaka 2023, Video Game History Foundation ya Marekani ilikuta asilimia 87 ya gemu zilizotoka kule kabla ya 2010 haziuzwi tena. Noma!

Sasa fanya hivi. Diski ifute kwa kitambaa laini, kutoka katikati kwenda ukingoni, usizungushe. Mashine ifunike, vumbi letu linaua lenzi. Lenzi ikichoka usikate tamaa: nakili diski zako kwenye kompyuta, tafuta memori kadi yenye programu ya Free McBoot, kisha Open PS2 Loader itasoma gemu kutoka kwenye flashi. Ila tundu la flashi la PS2 ni la kizamani, mwendo wake wa kobe. Vipande vya video vikikwamakwama, usimgombeze fundi.

La mwisho ndilo kubwa. Ile memori kadi ya MB 8 usiifute! Mle mna ligi ya kibanda kizima, timu tulizopanga na majina tuliyobandikana. Wengine wamehamia machimbo ya mbali, wengine hatunao tena. Diski utaokota hata mnadani, lakini ligi ile haina duka duniani. Yangu nimeifungia kwenye kopo la biskuti, na simwazimi mtu.

Haya, kaangalieni uvunguni. Tukutane wiki ijayo!